Kwanza jua treni inaishia wapi: niliyojifunza katika reli ya chini ya ardhi ya London

Mtu aliyekulia Tabora huijua njia panda ya reli kabla hajajua kusoma. Treni inayotoka Dar es Salaam ikifika kwetu, safari hugawanyika: wapo wanaopanda kaskazini kuelekea Mwanza, wapo wanaoendelea magharibi hadi Kigoma, na wapo wa Mpanda, ambao njia yao huchepuka huko mbele, Kaliua. Marehemu baba alikuwa mfanyakazi wa reli, kazi yake kufunga na kufungua mabehewa, na sisi watoto wa kota za reli tulizoea kumsikia akiwaamsha abiria waliosinzia kwa swali moja: "Unaishia wapi?" Hakuwa na haja ya kujua mtu katoka wapi wala amekata daraja gani, kwa sababu behewa lililofungwa kwenye treni ya Mwanza halimfikishi mtu Kigoma hata akilia machozi. Nilipokwenda London kusomea shahada ya uzamili, nilikuta kwamba swali hilo la baba ndilo linaloifungua reli yao ya chini ya ardhi kuliko ushauri wowote niliopewa kabla ya kuondoka. Sasa mpwa wangu amepata nafasi ya kusoma huko, na maswali anayoniuliza yananionyesha kwamba anayaogopa mambo mepesi, kama vile ngazi za umeme na giza la mahandaki, na yale yanayomgharimu mtu fedha na muda hata hajayafikiria.

London ina njia 11 za reli hiyo na stesheni 272. Anayezisikia hesabu hizo kwa mara ya kwanza hudhani atalazimika kuukariri mji mzima, kumbe kila safari inadai jina la njia, upande inakoelekea, na stesheni ya mwisho iliyoandikwa kwenye paji la treni. Kila njia ina jina na rangi yake. Ukishapita mageti na kuteremka, unafika mahali ambapo korido inagawanyika, ukutani kuna orodha ya stesheni za kulia na orodha ya stesheni za kushoto, na hapo ndipo unapoamua. Jua halionekani, mlima hauonekani, hakuna mnara wa msikiti wala mwembe wa kukuonyesha upande. Kwetu mtu hupata mwelekeo kwa macho, na akikwama huuliza. Chini ya ardhi mwelekeo wote umo katika maandishi, na asiyependa kusoma mabango atachoka sana.

Mama mdogo, ambaye ameishi huko miaka mingi akifanya kazi ya uuguzi, alikuwa na nyumba karibu na Walthamstow Central, mwisho wa njia ya Victoria upande wa kaskazini-mashariki. Njia hiyo ni shule nzuri kwa mgeni. Ina stesheni 16, haina matawi, abiria halioni jua tangu Walthamstow Central hadi Brixton, na treni yoyote utakayoipanda pale mwanzo itakwenda upande mmoja tu. Siku zangu za mwanzo alinipitisha humo kwanza kabla ya kunipeleka kwenye njia zenye mambo mengi, na onyo lake lilikuwa hili: "Mwanangu, usiwafuate watu. Wa hapa wote wana haraka, ila si wote wanakwenda uendako."

Njia ya Northern ndiyo Tabora ya London. Inatoka Morden kusini, na katikati ya mji ina mikono miwili: mmoja unapita Bank, mwingine unapita Charing Cross. Mikono hiyo huungana Kennington kwa upande wa kusini na Camden Town kwa upande wa kaskazini, kisha papo hapo Camden Town njia inagawanyika upya, tawi moja likienda Edgware na jingine High Barnet, huku treni chache zikiishia Mill Hill East. Tangu 2021 kuna na tawi la Battersea Power Station. Kwa hiyo mtu anayesimama Camden Town akitaka kwenda kusini hawezi kuridhika na kuona neno Kennington au Morden kwenye bodi ya taa, maana treni ya kwanza inaweza kupitia Bank na ya pili kupitia Charing Cross, na jukwaa ni lilelile. Jioni moja tulikuwa pale tukielekea Waterloo, ambayo iko kwenye mkono wa Charing Cross. Treni ikaja, milango ikafunguka mbele ya pua zetu, watu wakatupita wakaingia. Mama mdogo alibaki ameshika mfuko wake wa ununuzi, macho juu kwenye bodi, akasema, "Yetu bado." Ya pili nayo akaiacha iende. Nilijisikia vibaya mwilini kabisa, kwa kuwa mimi ni mtu wa mahali ambapo treni huja mara chache kwa wiki, na kuitazama ikiondoka tupu nusu ilhali wewe umesimama na nauli yako ni jambo ambalo mwili haulikubali. Dakika chache baadaye yetu ikaja. Uvumilivu huo wa kuiacha treni isiyo yako ipite, hasa unapokuwa umechelewa, naona ndio mgumu zaidi kwa mtu wa Tabora au Kigoma, na mpwa wangu nimemsisitizia kuliko mengine yote.

Jambo jingine linalofanana na yetu ni kwamba majina yanakaribiana kwa namna ya kumchanganya mgeni. Edgware iko mwisho kabisa wa Northern, mbali kaskazini; Edgware Road iko karibu na katikati ya mji, tena ni stesheni mbili tofauti zenye jina hilohilo, moja ya njia ya Bakerloo na nyingine ya njia za Circle, District na Hammersmith & City, na kutoka moja kwenda nyingine unapanda juu na kutembea barabarani. Hammersmith nayo ni mbili, zimetazamana ng'ambo ya barabara. Ile njia ya Circle, ambayo jina lake linaahidi mzunguko, tangu 2009 haizunguki kikamilifu: inaanzia Hammersmith, inauzunguka mji na kuishia Edgware Road. Mzee anayedhani anaweza kukaa tu ndani ya behewa hadi treni irudi alipopandia ataamshwa Edgware Road, kama baba alivyokuwa akiwaamsha watu Tabora.

Reli hii ni ya kale kuliko wengi wanavyofikiri. Kipande cha kwanza, kati ya Paddington na Farringdon, kilifunguliwa tarehe 10 Januari 1863, na treni zake zilivutwa na vichwa vya mvuke, moshi wote ukiwa humohumo chini. Reli ya Kati ilipofika Tabora mwaka 1912 na Kigoma mwaka 1914, watu wa London walikuwa wamekwisha kusafiri chini ya ardhi kwa nusu karne. Historia hiyo si ya kupambia mazungumzo. Inaeleza kwa nini utakutana na treni za aina mbili. Njia za mwanzo zilijengwa kwa kuchimba mfereji barabarani, kulaza reli na kufunika juu, kwa hiyo ziko karibu na uso wa ardhi na mabehewa yake ni makubwa. Kuanzia mwaka 1890 zikaja njia za umeme zilizochimbwa kwa kina katika udongo wa mfinyanzi, katika mahandaki ya mviringo yenye upana wa kama mita tatu na nusu tu, na mabehewa yake yakatengenezwa madogo, yenye paa la kupinda, kiasi kwamba mtu mrefu akisimama mlangoni hulazimika kuinamisha kichwa. Ni ajabu kwamba reli zenyewe, licha ya udogo wa mabehewa hayo, zina upana wa milimita 1,435, sawa na SGR yetu ambayo tangu 2024 inachukua abiria kwa treni za umeme kati ya Dar es Salaam na Dodoma, wakati Reli ya Kati tuliyorithi kwa Wajerumani ina upana wa milimita 1,000.

Udongo huo wa mfinyanzi ndio unaoeleza pia kwa nini kaskazini ya mto Thames kuna stesheni nyingi na kusini ni chache, ingawa kusini kulikuwa na ushindani wa reli za juu ya ardhi vilevile. Tena ndio unaotunza joto. Kwa zaidi ya miaka mia moja breki na mota za treni zimekuwa zikiupasha udongo ule, na sasa haupoi. Mpwa wangu anawaza baridi peke yake, amenunua makoti mawili mnadani. Nimemwambia kwamba juu atalihitaji koti, lakini akishuka kwenye njia ya Central mwezi wa Julai atakuta joto linalomshinda hata mtu aliyezoea Oktoba ya Tabora, kwa sababu la kwetu lina upepo na kivuli. Njia za juujuu, yaani Metropolitan, District, Circle na Hammersmith & City, zina treni mpya zenye kiyoyozi. Mama mdogo wakati wa kiangazi alikuwa radhi achelewe kidogo ilimradi apite huko.

Kuhusu ramani nina maneno mengi zaidi, kwa kuwa ni kitu kizuri sana ambacho kinadanganya kwa makusudi. Aliyeichora ni Harry Beck, mchoraji wa michoro ya kiufundi, ambaye mwaka 1931 aliacha kabisa kufuata umbali halisi na kona za barabara, akainyoosha mistari yote iwe wima, ya kulala au ya mshazari, na ikachapishwa kwa umma mwaka 1933. Alitambua kwamba aliye chini ya ardhi hana haja ya kujua mji umekaaje. Anataka kujua stesheni zinafuatanaje na abadilishie wapi. Hilo ni kweli kabisa ukiwa bado humo ndani. Tatizo linaanza unapoitumia ramani hiyo kupanga matembezi. Kati ya Leicester Square na Covent Garden, kwenye njia ya Piccadilly, kuna mita kama 260 tu, umbali ambao hapa Tabora hata dereva wa bodaboda angekucheka ukimwita. Lakini pale Covent Garden watu hupanga foleni ya lifti, na asiyetaka foleni hupanda ngazi 193 kwa miguu. Huko pembezoni, kati ya Chalfont & Latimer na Chesham kuna zaidi ya kilomita sita, na kwenye ramani utaona pengo la kawaida tu. Nilichofanya mimi, na ninakipendekeza, ni kuwa na ramani mbili akilini: ya Beck kwa ajili ya chini, na ya mitaa kwa ajili ya juu. Katikati ya mji, stesheni ikiwa moja au mbili mbele, mara nyingi nilitembea, nikaujua mji, nikabakiza na nauli.

Nauli ndiyo inayowaumiza wageni bila wao kujua. Mji umegawanywa katika kanda zilizopigwa namba 1 hadi 9, ya kwanza ikiwa katikati, na unalipa kulingana na kanda ulizopitia. Kadi ya Oyster ilianza kutumika mwaka 2003, na tangu 2014 unaweza kugusisha kadi yako ya benki au simu kwenye ile sahani ya njano iliyo juu ya geti. Unagusa unapoingia, unagusa unapotoka. Ziko stesheni ambazo hazina mageti, zina nguzo tu yenye sahani hiyo. Anayepita bila kugusa kwa kuwa hakuna aliyemzuia atakatwa nauli ya juu kabisa, maana mtambo haujui ameishia wapi. Ukianza safari kwa kadi ya plastiki, ukaimaliza kwa simu, mtambo unaona watu wawili ambao kila mmoja amefanya nusu ya safari, hata kama akaunti ya benki ni moja. Ziko pia sahani za rangi ya waridi kwenye baadhi ya stesheni za kubadilishia. Hizo hugusishwa na anayezunguka bila kupita katikati ya mji, ili atozwe nauli ndogo. Siku za kazi, kati ya saa kumi na mbili na nusu na saa tatu na nusu asubuhi, na tena saa kumi hadi saa moja jioni, nauli hupanda. Kuna kikomo cha makato kwa siku na kwa wiki, na wiki yao inahesabiwa kuanzia Jumatatu. Mwanafunzi wa muda wote anaweza kuomba kadi yenye picha inayompunguzia asilimia 30 kwenye tiketi za wiki au za mwezi, na kuiomba mapema ni busara, kwa sababu haina fidia kwa nauli ulizokwisha kulipa.

Alipouliza, "Sasa mjomba, nikishuka uwanja wa ndege nafanyaje?" nilimjibu kwamba kutoka Heathrow kuna njia ya Piccadilly, ambayo ni nafuu na ya polepole, kuna ya Elizabeth iliyofunguliwa mwaka 2022, ambayo ni ya haraka zaidi na nauli yake imezidi, na kuna treni ya moja kwa moja hadi Paddington kwa robo saa, ambayo bei yake namwachia mwenye ajira. Nilimtahadharisha pia asishtuke akipanda Piccadilly na kuona mwanga: baada ya eneo la uwanja treni inatoka handakini na kwenda juu kwa juu kwa muda mrefu, ikipita nyuma ya nyumba za watu, nguo zimeanikwa, baiskeli za watoto zimelala kwenye majani, hadi baada ya Barons Court ndipo inapozama tena. Zaidi ya nusu ya reli hiyo inayoitwa ya chini ya ardhi iko juu ya ardhi.

Mengine ya adabu ni mafupi. Kwenye ngazi za umeme husimama kulia, kushoto huachiwa wanaopanda kwa miguu. Wanaoshuka hutangulia, ndipo unaingia. Stesheni kadhaa zina majukwaa yaliyopinda ilhali mabehewa yamenyooka, kwa hiyo hubaki uwazi wa kutosha kumeza mguu wa mtoto, na lile tangazo la kuutahadharisha umma kuhusu mwanya huo si la mapambo. Kuhusu ukimya wa ndani ya behewa, ambao Watanzania wengi huusimulia kama ushahidi wa roho mbaya, mimi sikubaliani nao. Kwenye njia ya Victoria chuma hulia kiasi kwamba ukitaka kumjulia hali jirani yako lazima upaaze sauti sikioni mwake, na hakuna anayeamkiana kwa namna hiyo. Wahudumu walio kwenye mageti, kwa upande wao, wanajibu vizuri na kwa kina; nilikuwa nawaamkia kwanza, nawapa nafasi ya kuniitikia, ndipo nauliza, na walionekana kufurahi.

Kitu kimoja cha mama mdogo nilikichukulia kuwa mazoea ya uzee hadi nilipoelewa. Alikuwa haingii mlango wowote. Alipofika jukwaani alitembea hadi mahali fulani, karibu na tangazo fulani au benchi fulani, akasimama hapo. Kumbe alijua kwamba pale atakaposhuka, mlango huo utafungukia mbele ya korido ya kutokea. Akisimama mwisho mwingine wa treni angelazimika kulitembea jukwaa zima nyuma ya umati. Upepo ukianza kutoka handakini, ule unaosukumwa na treni kabla taa zake hazijaonekana, yeye alikuwa amekwisha kukunja gazeti na kulitia kwapani. Watu wa stesheni ya Tabora wanaojua behewa la daraja la tatu husimama wapi wanaelewa ninachosema.

Mtu wa kwetu huwa anadhani treni kukatika ni mambo ya Afrika. Kule mwisho wa wiki hufungwa vipande vya njia kwa matengenezo, na Ijumaa jioni mama mdogo alikuwa akitazama kwenye simu kipi kimefungwa, kama bibi zetu wanavyosikiliza matangazo ya vifo redioni. Tofauti iko mahali pengine. Reli ya Kati ni njia moja. Mvua ikiusomba udongo kati ya Kilosa na Gulwe, kama ilivyowahi kutokea, Tabora, Kigoma, Mpanda na Mwanza wote wanasubiri. London, njia moja ikifungwa, mji una njia nyingine zinazoikata hapa na pale, na kazi ya msafiri ni kujua wapi zinakatana. Victoria ikisimama, aliye Finsbury Park anahamia Piccadilly. Aliye Stockwell anahamia Northern. Aliye Walthamstow Central hana nyingine ya chini ya ardhi, anatafuta basi au treni ya juu, na siku kama hiyo tulikuwa tunaondoka nyumbani saa nzima kabla. Mpwa wangu ameniletea orodha ya vyumba vya kupanga, amevipanga kwa kodi, cha bei ya chini juu kabisa. Nimekaa naye, tumefuta vile vilivyo karibu na stesheni yenye njia moja tu, tumebakiza vya Finsbury Park na Stockwell, na barua ya kuulizia ameiandika usiku huohuo.